Mkandarasi aliye kazini anapopinga zabuni: siku zinaanza kuhesabiwa lini?

Mkandarasi anayeshikilia mkataba wa serikali akikosa zabuni mpya, malalamiko yake huwa mawili: mshindi ameweka bei ambayo kazi haiwezi kufanyika, na kamati ya tathmini imepuuza rekodi yetu ya miaka yote. Hoja hizi ni dhaifu. Iliyo na nguvu mara nyingi ilikuwa mkononi mwake tangu nyaraka za zabuni zilipotolewa, na barua ya matokeo inapofika muda wake umekwisha.

Tuseme ni mkataba wa kuhudumia jenereta. Nyaraka zinataja jenereta 12, wewe unahudumia 19. Ukiweka bei ya 19 na mwenzako akaweka ya 12, kwenye karatasi yeye ni nafuu. Ukingoja matokeo ndipo useme jedwali la idadi lina kosa, utaulizwa: uliliona, mbona ulinyamaza?

Hayo ndiyo yaliyoikuta Blue & Gold Fleet, iliyokuwa ikiendesha feri za kwenda Alcatraz, San Francisco. Ilipokosa mkataba mpya ilidai kwamba zabuni ya mshindi haikufuata sheria ya mishahara katika mikataba ya huduma. Mwaka 2007 mahakama ya rufaa ya shirikisho nchini Marekani iliamua kwamba, kwa kuwa nyaraka hazikutaka sheria hiyo ifuatwe, malalamiko yalikuwa dhidi ya nyaraka zenyewe, na yalipaswa kuletwa kabla ya zabuni kufungwa.

Kwa hiyo wiki ya kwanza linganisha nyaraka na hali halisi ya kazi: idadi ya vifaa, zamu, maeneo, muda wa kuitikia dharura. Andika ombi la ufafanuzi kwa njia iliyotajwa kwenye nyaraka, ukiweka takwimu. Jibu linapaswa kwenda kwa wazabuni wote, na hapo ndipo wengi husita, kwa kuwa wanaona wanawapa wapinzani maarifa yao. Hasara hiyo ipo kweli. Lakini uliza juu ya kiasi cha kazi tu. Namna unavyoifanya ibaki kwako. Taasisi nunuzi ikikataa kurekebisha, wasilisha pingamizi kabla ya zabuni kufungwa. Kenya usitegemee hata tarehe hiyo ya kufunga: kifungu cha 167 cha sheria ya ununuzi ya 2015 kinatoa siku 14 tangu kutangaziwa matokeo au tangu ukiukaji unaodaiwa kutokea, katika hatua yoyote ya mchakato.

Baada ya matokeo, saa inakimbia zaidi. Katika Umoja wa Ulaya mkataba hauwezi kusainiwa kwa angalau siku 10 baada ya uamuzi kutumwa kwa njia ya kielektroniki. Marekani, ombi la maelezo ya kwa nini umekosa linapaswa kufika ndani ya siku 3 tangu taarifa ya tuzo, yaani uamuzi wa kumpa mshindi mkataba. Huko watu hunaswa na tofauti kati ya vikomo viwili vya muda: pingamizi linaweza kuwa ndani ya muda wa kusikilizwa na GAO, ofisi ya ukaguzi ya Bunge, na bado likachelewa kusimamisha kazi ya mshindi. Ili kazi hiyo isimame, GAO inapaswa kuwa imeijulisha taasisi ndani ya siku 10 za tuzo, au siku 5 tangu tarehe iliyopangwa ya kukupa maelezo ya kwa nini umekosa, pale taasisi inapolazimika kuyatoa. Usiwasilishe siku ya mwisho jioni.

Hoja zinazosimama ni zile zinazoonekana kwenye kumbukumbu za tathmini: kigezo kilichotumika bila kutajwa kwenye nyaraka, alama zisizo na sababu iliyoandikwa, mshindi aliyekosa sharti la lazima. Kisha onyesha kwamba bila kosa hilo ulikuwa na nafasi ya kweli ya kushinda. Ukiwa wa tano kwa alama na kosa linamgusa wa kwanza tu, utaondolewa mapema. "Wanatujua" si hoja. Kamati inapima kilichoandikwa, na mkandarasi aliye kazini ndiye huandika kwa mkato kuliko wote akidhani wanamjua.

Shauri likiendelea, huduma yenyewe haiwezi kukatika, hivyo mara nyingi mkataba wako unaongezwa kwa muda mfupi na unaendelea kulipwa. Kenya bodi ya mapitio, inayosikiliza mapingamizi ya zabuni, ina siku 21 za kuamua, na Mahakama Kuu siku 45 ikiwa shauri litafika huko. GAO ina siku 100. Kufungua shauri kwa ajili ya malipo hayo tu ni kosa, na nalisema kwa uzito, kwa kuwa linawaumiza wenye malalamiko ya haki watakaofuata. Hata ukishinda, kwa kawaida unapata tathmini irudiwe, si mkataba.

Usitumie waraka wa ndani ambao wafanyakazi wako waliuona wakiwa kazini. Unaweza kusababisha zabuni yako mwenyewe iondolewe. Na maandalizi ya makabidhiano, yaani orodha ya vifaa, funguo na kumbukumbu za matengenezo, yaendelee hata kama rufaa iko mezani, maana mkataba wa zamani bado unakubana na kila kuchelewa kunaingia kwenye rekodi yako ya utendaji.