Acheni kuisingizia simu

Kwenye kikao cha wadau juzi mheshimiwa mmoja kashika kipaza sauti akatueleza, kwa uchungu kabisa, kwamba vijana wa siku hizi hawakai pamoja tena, wamejifungia ndani na simu zao. Ukumbi mzima ukaitikia. Hoja hii nimeshaisikia redioni, misibani na kwenye makundi ya WhatsApp (mtu anaichapa kwenye simu yake na haoni aibu), na kila mara natamani kumuuliza msemaji kitu kimoja tu: watoke waende wapi? Ataje mahali. Si baa, si hoteli, si nyumba ya ibada, si kwa shemeji. Ataje mahali ambapo kijana wa Mbagala au mama wa Tandale anaweza kufika saa moja jioni, akakaa kitako hata saa nzima bila kununua kitu, na asitokee mtu wa kumuuliza anafanya nini pale.

Mimi ni mpangamiji. Kazi yangu ni michoro, na michoro ndiyo inayojua mahali hapo palikwenda wapi. Au ingejua, kama tungekuwa tunachora vitu sahihi. Nitafika huko.

Kwanza simu, nimalize haraka. Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mapema miaka ya 1970. Bara tulisubiri hadi 1994. Kama skrini ndiyo inayoua mabaraza, basi Mji Mkongwe ungenyamaza miaka ishirini kabla ya Dar. Nenda Jaws Corner jioni: kahawa, bao, dhumna, siasa za kutosha kujaza magazeti mawili. Watu wale wana simu mfukoni kama sisi. Wana na kitu kingine ambacho sisi hatuna, mawe ya kukalia yaliyojengewa ukutani, kwenye kichochoro chenye kivuli, mahali ambapo mtu amekaa tangu zamani na hakuna anayeshangaa akikaa leo.

Wenzangu wa fani nao wana kosa lao, na hili ndilo linalonikera zaidi, kwa sababu wao wamesoma. Ukiwaambia mji hauna pa kwenda, wanakimbilia maeneo ya wazi: yamevamiwa, yamebadilishwa matumizi, yamegawanywa. Ni kweli yote. Kila afisa mipango miji ana orodha yake ya viwanja vya michezo vilivyogeuka vituo vya mafuta, na akinywa soda mbili atakutajia na wahusika. Nairobi wanajua vita hivi kuliko sisi. Mwaka 1989 mwanamazingira Wangari Maathai alisimama peke yake, au karibu peke yake, dhidi ya jengo la ghorofa 60 lililotaka kuota ndani ya Uhuru Park, na leo bustani ipo, jengo halipo. Heshima yake.

Lakini maisha ya kukaa, kwa hapa Dar, hayakuwa kwenye maeneo ya wazi kwa sehemu kubwa. Hata hayo tuliyo nayo yana historia ya ajabu. Mnazi Mmoja, kwa mfano, hatukuachiwa na mtu aliyetupenda. Wajerumani waliupanga, na Waingereza baada ya Vita Kuu ya Kwanza wakautekeleza, ukanda mtupu wa kuwaweka Waafrika wa Kariakoo mbali na Uhindini na Uzunguni. Kisingizio kilikuwa afya. Leo ukanda ule wa ubaguzi ndio uwanja tunaojivunia katikati ya mji, na siku mtu akileta greda pale nitakuwa wa kwanza kupiga kelele. Jambo hilo hunitatiza kila nikipita.

Watu walikuwa wanakaa vibarazani. Nyumba ya Uswahilini mnaifahamu: vyumba sita, korido katikati, uani nyuma, na mbele kibaraza cha saruji kilichoinuka kidogo kutoka barabarani. Kibaraza kilikuwa ndani ya kiwanja cha mwenye nyumba lakini mtaa ndio ulikuwa unakikalia. Mpita njia akikaribishwa, anakaa. Asipokaribishwa, anasalimia, anakaa vilevile. Hapakuwa na hati iliyosema hivyo wala sheria ndogo ya halmashauri. Sasa chukua mchoro wowote wa mipango miji, wa zamani au wa leo: nyumba ile yote ni kisanduku kimoja kilichopakwa rangi ya makazi. Kibaraza hakimo. Ndiyo maana kilipoondoka hakuna namba iliyopungua kwenye ripoti ya mtu yeyote. Eneo la wazi likiliwa, tunalo kwenye daftari kwa mita za mraba, tunaweza kwenda nalo mahakamani. Kibaraza kikiliwa, ofisini kwetu matumizi bado ni makazi, kila kitu kiko sawa.

Na kimeliwa na fremu. Pita Manzese, Mwananyamala, Temeke, popote barabara ilipopata lami: pale palipokuwa na kibaraza, sasa pana wakala wa miamala, kinyozi, duka la dawa, genge. Simlaumu mwenye nyumba. Kodi ya fremu moja inalipa kuliko vyumba vyake vya ndani, na watoto wanadaiwa ada. Ningekuwa yeye ningefanya hivyo hivyo, tena mapema. Ninachosema ni kwamba hesabu yake ni ya shilingi, na kilichotoka hakikuwa na bei, kwa hiyo hakikuingia kwenye hesabu ya mtu.

Upande wa pili wa mji, ule tuliopima vizuri, hali si nafuu. Mradi wa viwanja 20,000, ulioanza mwanzoni mwa miaka ya 2000, ulitoa Bunju, Tuangoma na kwingineko mitaa iliyonyooka na barabara pana. Kisha kila mwenye kiwanja akainua ukuta kumpita mtu kimo, juu yake nyaya, na geti la chuma. Mtaa ukabaki kuta mbili zinazotazamana. Mwenye nyumba pale ana gari na ana sebule, na jioni hana pa kwenda kama kijana wa Mbagala, tofauti ni kwamba yeye anaweza kulipia. Anawapakia watoto anawapeleka Mlimani City watembee kwenye kiyoyozi, wale aisikrimu, warudi. Jengo lile limesimama kwenye ardhi ya Chuo Kikuu tangu 2006, na ukilitazama Jumapili utaona familia nyingi hazina hata mfuko wa bidhaa mkononi. Wameenda kuona watu.

Hapo ndipo mheshimiwa anaposema, "Tuliwajengea bustani, hawaji. Hatuna utamaduni wa bustani." Naomba nipumue kwanza.

Nenda Jeevanjee Gardens, Nairobi, saa ya chakula cha mchana. Bustani ndogo tu, zawadi ya mfanyabiashara A. M. Jeevanjee kwa mji mwaka 1906. Mhubiri huku, wabishi wa Bunge la Mwananchi (baraza la raia wa kawaida wanaojadili siasa) kule, mtu kalala, mwingine anasubiri kuitwa kwenye usaili. Hao hawana utamaduni? Ina miti, mabenchi, iko njiani, haina kiingilio. Ilikaribia kujengewa jengo la biashara mwanzoni mwa miaka ya 1990 na ikaponea chupuchupu.

Sasa linganisha na zile tunazokabidhiwa kwa kukata utepe. Tunazijenga kama sebule ya wageni, kochi limefunikwa kitambaa na watoto wa nyumbani marufuku. Nyasi zina kibao cha kukataza kukanyaga. Miti ni michikichi ya mapambo isiyofunika hata kichwa cha mtu mmoja. Benchi ni la saruji, liko juani, na lina chuma katikati ili mtu asilale. Choo hakuna, au kipo na kimefungwa, na ufunguo yuko nao mtu ambaye leo hakuja. Mlinzi anafunga geti saa kumi na mbili jioni. Saa kumi na mbili! Mfanyakazi wa mji huu saa hiyo bado yuko kwenye foleni ya mwendokasi. Mji unamfungulia bustani mtu wakati yuko kazini na kumfungia anaposhuka kituoni, kisha tunaandika kwenye ripoti kwamba mwitikio wa jamii ulikuwa mdogo.

Muuza kahawa anaelewa kazi yangu kuliko mimi. Anachagua kona yenye kivuli cha jioni, palipo na watu wanaopita, analeta benchi lake la mbao na kashata. Kikombe chake ni chenji ya daladala, na kwa chenji hiyo umenunua haki ya kukaa mpaka adhana ya isha, maana sasa una sababu. Bodaboda hivyo hivyo. Hesabu vizuri watu waliokaa kwenye kijiwe cha boda: wengi kuliko pikipiki. Waliobaki hawana pikipiki wala abiria, wana mahali.

Na wanazihitaji hizo sababu, kwa sababu kukaa tu kuna jina kwenye Kanuni ya Adhabu. Vifungu vya 176 na 177 vipo tangu enzi za mkoloni: mzembe, mzururaji, mtu asiyeweza kujieleza. Mwaka 1983, wakati wa kampeni ya Nguvu Kazi, watu walizolewa mitaani Dar wakapelekwa vijijini kwa sababu hawakuwa na kitambulisho cha kazi. Wazee wa vijiwe wanaikumbuka vizuri na wanaisimulia kwa kucheka, kicheko cha mtu aliyekimbia. Desemba 2020 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyopo hapa hapa Arusha, ilitoa maoni kwamba sheria za uzururaji za namna hii zinapingana na Mkataba wa Afrika na nchi zinapaswa kuzirekebisha au kuzifuta. Ni maoni ya ushauri, si hukumu. Mgambo wa kata hajayasoma.

Nikatize hapo kidogo kwa watu wa ufukweni, maana najua mtaniletea mita 60. Kifungu cha 57 cha Sheria ya Mazingira ya 2004 kinazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ufukweni. Kinalinda mazingira. Hakikupi wewe njia ya kufika. Ufukwe unaweza kuwa mtupu kabisa kisheria na kuta za viwanja zikawa zimeshikana kilomita nzima, usione maji mpaka uingie getini kwa mtu ulipie. Njia ya kupita kwa miguu lazima ichorwe, isajiliwe, na ilindwe. Tusipoichora haipo.

Sasa yale ambayo sina uhakika nayo.

Nimesifu kibaraza na kijiwe kana kwamba ni vya wote. Si vya wote. Ni vya wanaume, na kwa wanaume wenyewe ni vya wale wanaokubalika. Mwanamke akikaa kijiweni nusu saa, habari zake zimefika nyumbani kabla yake. Wanawake wa mji huu wanakutana saluni, kwenye vikoba, kwenye foleni ya kliniki, yaani kila mahali wanapokaa lazima wawe wanafanya kitu. Nikisema turudishe vibaraza, nusu ya mji inaweza kuniuliza turudishe nini hasa, na watakuwa na haki.

Halafu kuna Karura. Msitu ule wa Nairobi ulipiganiwa na Maathai huyo huyo, Januari 1999 alipigwa na kuumizwa pale akijaribu kupanda miti. Leo una uzio wa umeme, askari, na kiingilio. Kwa kila nilichoandika hapo juu nilipaswa kuuchukia. Lakini nenda uone: wanawake wanakimbia peke yao asubuhi, mabinti wamekaa wawili wawili na vitabu, hakuna anayewabughudhi. Kabla ya uzio palikuwa mahali pa kuibiwa. Uzio ule ule unaomzuia asiye na kiingilio ndio uliomruhusu dada yule akae. Nimejaribu kuipangua hoja hiyo mbele ya wanafunzi wangu na sijaweza kuipangua vizuri. Jibu langu la sasa ni kwamba kinachofanya kazi pale ni macho, watu wengi na walinzi wa kutosha, na macho yanaweza kupatikana bila tiketi. Wanafunzi wakaniuliza nani atalipa mishahara ya walinzi. Swali zuri.

Hata simu yenyewe sitaiachia huru kabisa. Televisheni ya kibanda umiza ilikuwa inakusanya watu, simu inaangaliwa na mmoja. Pengine kijana aliyezaliwa baada ya kibaraza kugeuka fremu hataki tena kukaa na wazee wa drafti, na hata ningemjengea mabaraza kumi asingekuja. Inawezekana. Ila kwanza tumjengee, tumwekee mti wenye kivuli, tufungue choo mpaka saa nne usiku, tumwambie mgambo amwache muuza kahawa na benchi lake. Asipokuja, mheshimiwa ataruhusiwa kushika tena kipaza sauti.

Kwa wenzangu wa halmashauri wanaosoma hapa: kwenye michoro ya urasimishaji (ile ya kupima na kuhalalisha makazi yaliyojengwa bila mpango) mnayopitisha mwezi huu, kaangalieni pembe za barabara. Zile pembetatu ndogo zisizotosha kiwanja, ambazo kwa kawaida tunamwongezea jirani ili mpaka unyooke. Msimwongezee. Ziandikeni mahali pa kukaa, na mziwekee namba.