Binti wa Shirataki: kituo kilichozushiwa hadithi

Januari 2016 ukurasa wa Facebook wa CCTV News, televisheni ya China, ulitoa habari iliyozunguka dunia: katika kisiwa cha Hokkaido, kaskazini mwa Japani, kampuni ya reli inakiweka hai kituo kizima kwa ajili ya mwanafunzi mmoja, na itakifunga akishahitimu. Mwanafunzi alikuwepo. Kituo nacho kilifungwa. Mengine yanahitaji kunyooshwa.

Dhana: Kituo chenyewe ni Kami-Shirataki.

Siyo. Binti huyo alipandia Kyu-Shirataki, kituo kingine cha reli hiyohiyo ya Sekihoku. Naona chanzo cha mkanganyiko ni ratiba. Treni moja tu kwa siku kila upande ilisimama Kami-Shirataki, jambo linalonogesha hadithi. Kyu-Shirataki ilikuwa na moja ya asubuhi kwenda mji wa Engaru, kwenye shule ya sekondari, na tatu za kurudi. Wasimulizi wakamchukua msichana wa huku wakampa ratiba ya kule.

Dhana: Kampuni ilisubiri ahitimu.

Hapa ndipo wengi hawataki kusikia. JR Hokkaido, kampuni yenyewe ya reli, haikufunga kituo kimoja cha reli hii bali vitatu kwa mpigo, tarehe 26 Machi 2016: Kami-Shirataki, Kyu-Shirataki na Shimo-Shirataki. Siku hiyohiyo treni ya mwendokasi, Shinkansen, ilianza safari za kuingia Hokkaido kwa handaki lililopita chini ya bahari. Kampuni za JR hubadili ratiba zao karibu kila Machi, na mwaka wa shule Japani huisha Machi. Mwanafunzi yeyote wa mwaka wa mwisho angeonekana amesubiriwa.

Tena treni haikuwa yake peke yake. Ilikuwa treni ya kawaida ya dizeli iliyopita hapo kila siku, ikibeba na wanafunzi wa vituo vingine. Kusimama kidogo kumchukua abiria mmoja si gharama kubwa; gharama ipo kwenye kulitunza jukwaa na kuzoa theluji majira yote ya baridi. Kama unatafuta utu katika kisa hiki, utaupata kwenye ratiba iliyokwenda na saa za shule, na huo uliwafaa wengi.

Dhana: Vituo hivi vilijengwa porini pasipo na watu.

Watu walitangulia reli. Mwaka 1912 Morihei Ueshiba, ambaye baadaye alianzisha aikido, sanaa ya kujihami, aliongoza makumi ya kaya kutoka mkoa wa Wakayama kuja kufyeka msitu na kulima eneo hili la Shirataki. Aliondoka 1919, treni ilifika 1929, miaka kumi baadaye (maskini, hakuifaidi). Reli iliunganishwa kuvuka milima mwaka 1932, na Kami-Shirataki ikafunguliwa mwaka huo. Kyu-Shirataki ilianza 1947 kama kituo cha muda tu, ikapewa hadhi kamili 1987, shirika la reli la taifa lilipogawanywa na JR kuzaliwa.

Dhana: Kituo kisicho na mhudumu kimetelekezwa, unapanda bure.

Karibu nusu ya vituo vyote vya Japani havina mfanyakazi. Kwenye treni za vijijini unachukua kikaratasi chenye namba mlangoni, kinachoonyesha umepandia wapi. Ukikaribia kushuka unatazama ubao wa nauli mbele, unatafuta namba yako, kisha unatumbukiza pesa kwenye kisanduku kando ya dereva, naye anakutazama. Kazi ya karani wa tiketi imehamia kwake.

Dhana: Abiria wa mwisho alipoondoka, tatizo likaisha.

Tatizo lilikuwa kubwa kuliko vituo vitatu. Vijiji vilikuwa vimepungukiwa watu, na barabara kuu mpya isiyotozwa ushuru inapita bonde hilohilo. Novemba 2016 JR Hokkaido ilitangaza kwamba haiwezi peke yake kuzimudu reli zenye urefu wa kilomita 1,237, karibu nusu ya mtandao wake, na reli ya Sekihoku imo. Kutoka Kamikawa hadi Shirataki, kituo kinachofuata, sasa ni kilomita 37.3 bila abiria kupanda wala kushuka.