Karanga zina ukungu: "nitazichemsha" si jibu

Sumukuvu ni nini?
Ni sumu inayotengenezwa na kuvu wanaoota kwenye karanga na mahindi yasiyokauka vizuri. Haina harufu wala ladha. Mwaka 2016 iliua watu Dodoma na Manyara, waliokula mahindi ya nyumbani tu.

Nikichemsha si inakufa?
Hapana. Kuvu hufa, sumu hubaki. Joto la maji yanayochemka haliivunji, na kukaanga huipunguza tu, hakuimalizi.

Na nikizisaga kwenye unga wa lishe wa mtoto?
Hapana, tafadhali. Kusaga kunaficha ubovu, hakuuondoi. Karanga chakavu za bei rahisi sokoni ndizo huishia kwenye uji wa watoto, na ini la mtoto ndilo dhaifu zaidi. Nunua karanga nzima, chambua mwenyewe, kisha peleka mashineni. Zilizosinyaa, zilizopasuka au kubadilika rangi, tupa. Usiwape kuku, wala ng'ombe wa maziwa: sumu itakurudia kwenye kikombe.

Nitajuaje unga ni salama?
Kwa macho, hujui. Kiwango cha juu kinachoruhusiwa ni mikrogramu 10 kwa kilo. Hicho hupimwa maabara. Hata huko hawaamini konzi moja, maana punje chache zinaweza kubeba sumu ya gunia zima. Huchota juu, katikati na chini ya magunia, wakasaga pamoja ndipo wapime.

Sisi wakulima wa Tabora tufanye nini?
Acheni kulowesha karanga kavu ili zipukuchuke upesi! Mnazikausha wiki nzima, kisha mnawakaribisha kuvu kwa ndoo moja ya maji. Anikeni juu ya turubai, si ardhini. Mahindi yapimeni kwa chumvi: chupa kavu ya kioo, mahindi hadi theluthi, vijiko vitatu vya chumvi kavu, tikisa dakika moja, acha dakika 15. Chumvi ikiganda kwenye kioo, bado mabichi. Kuyakoboa pia husaidia, kwa kuwa sumu nyingi hukaa kwenye pumba na kiini.

Macho yamekuwa ya njano, tumbo limejaa. Nianze na mitishamba?
Hapana. Hospitali, siku hiyohiyo. Mkojo mweusi, kutapika, miguu kuvimba, usingizi usio wa kawaida: hospitali. Si baada ya kumaliza chupa ya dawa ya mizizi, ambayo nayo inaweza kuliumiza ini lilelile. Beba na unga mliokuwa mnakula, na nyumbani wengine wasiuguse.