Usinichemshie mchunga mara tatu

Wiki hii ni mara ya nne. Kijana kaniletea sahani kibandani: sima imekwisha, samaki kabaki miba, mboga ya majani ya mchunga haijaguswa. "Mama, mboga hii haijaiva, bado chungu." Nilitabasamu kwa sababu foleni ilikuwa ndefu. Hapa sina foleni.

Mboga ilikuwa imeiva, mwanangu. Kuiva ni jani kulainika. Uchungu ni habari nyingine. Ukivunja kikonyo cha mchunga hutoka maziwa meupe, na uchungu umo humo. Moto wa jikoni hauumalizi. Unabebwa na maji, tena uyamwage. Uchemshe saa nzima ndani ya maji yale yale, utapata rojo la kijani lililo chungu kama ulivyoanza.

Basi watu wakisikia hivyo hukimbilia upande wa pili: chemsha mwaga, chemsha mwaga, chemsha mwaga, na kijiko cha magadi juu. Hili ndilo linalonikera. Mboga iliyopita mikononi mwa watu hawa naijua kwa mbali: kijani cha kung'aa kama rangi ya ukutani, inateleza, na ladha yake ni sabuni kidogo basi. Magadi hulainisha jani na kushika rangi, sikatai, lakini huharibu vitamini C, na ile iliyosalimika umekwisha kuimwaga mtaroni pamoja na maji ya kwanza, ya pili na ya tatu. Halafu mtu huyo huyo atakwambia anakula mchunga kwa ajili ya afya! Kama uchungu huutaki, mchicha umejaa tele sokoni Kongowea, Mombasa, na hakuna atakayekucheka. Wateja wangu Wagiriama, wanaouita mutsunga, hawajawahi kunirudishia sahani.

Mimi namwaga mara moja. Maji mengi, yachemke kwelikweli kabla majani hayajaingia, chumvi, sufuria wazi bila kifuniko, dakika tano hivi, chuja. Kukamua? Hapo nayumba. Mamangu alikamua kwa mikono miwili mpaka mboga ikawa madonge. Mimi nakamua mchunga wa kiangazi tu, ule wa majani magumu. Wa masika nauacha ujichuje wenyewe. Zipo siku naonja nikaona yeye ndiye aliyekuwa sawa. Na nikiri mapema: majani ya kunde yaliyokomaa nayatia chembe ya magadi, kwa hiyo msije kunivizia kibandani.

Uchungu unaobaki huutulizi kwa moto, unautuliza kwa chumvi na nazi. Chumvi hupunguza uchungu ulimini, ndiyo maana mboga iliyopungukiwa chumvi huonekana chungu zaidi na lawama zikaenda kwa mchunga. Nakaanga kitunguu na nyanya, natia mboga na tui jepesi, naacha likaukie. Tui zito ni la mwisho: nalimimina, nakoroga bila kuacha mkono, likichemka mara moja naepua. Ukiliacha litokote peke yake hukatika, mafuta upande huu na maji upande ule. Wengi hulitia mwanzo kisha wakamlaumu muuza nazi. Nazi iwe ya kukuna kwenye mbuzi. Ya pakiti nimewahi kuitumia siku za dhiki, na siku hiyo sikumwangalia mteja usoni. Ndimu ibaki mezani. Ikiingia sufuriani majani hugeuka rangi ya kaki.

Kuchanganya na mchicha au kunde si udanganyifu. Mafungu mawili ya mchunga kwa moja la mchicha, hasa kama kuna watoto, maana ndimi zao huuhisi uchungu kwa ukali kuliko zetu.

Mnavu usiutie katika ugomvi huu. Huo maji yake humwagwa kwa lazima, kwani una sumu ambayo kuchemsha hakuiharibu, ila sehemu yake hutoka na maji. Matunda yake mabichi ya kijani ndiyo mabaya zaidi. Yatoe yote wakati wa kuchambua.

Sasa, kununua. Tafuta mchunga uliochumwa kabla mmea haujatoa maua ya manjano. Hata hivyo macho hunidanganya mpaka leo: mafungu mawili ya muuzaji mmoja, meza moja, la kwanza pole, la pili linakaza taya. Kwa hiyo kila asubuhi natafuna jani moja bichi kabla sijatoa pesa, na muuzaji ananuna. Likinikunja uso kupita kiasi, siku hiyo kibandani ni kunde.