Je, Wajua Kwa Nini DNA Hunakiliwa kwa Vipande Vipande?

Aliyesoma baiolojia hadi ngazi za juu amekutana na maneno haya: vipande vya Okazaki, yaani vipande vifupi vya DNA mpya. Wengi huyakariri kwa ajili ya mtihani wakidhani Okazaki alikuwa bwana mmoja wa zamani. Walikuwa wawili, mume na mke, Reiji na Tsuneko, wa Chuo Kikuu cha Nagoya nchini Japani. Mke ndiye aliyebaki na kazi hiyo kwa miaka mingi zaidi, na ndiye ninayetamani ajulikane.

Tuanze na fumbo lenyewe. DNA ni nyuzi mbili zilizosokotana. Seli inapojiandaa kugawanyika, nyuzi hizo hufunguka kama zipu na kila mmoja hutengenezewa mwenzake mpya. Mfanyakazi ni kimeng'enya kiitwacho polimerasi, alichokigundua Arthur Kornberg huko Marekani katika miaka ya 1950. Kimeng'enya hiki kinajua kwenda upande mmoja tu, kama msukaji wa ukili: miyaa huongezwa kwenye ncha inayosukwa, kamwe si kwenye ncha alikoanzia. Na nyuzi mbili za DNA zimelala mzungu wa nne, kichwa cha huyu miguuni pa yule.

Basi uzi wa kwanza hauna shida, polimerasi hufuata zipu inavyofunguka. Wa pili je? Huko polimerasi inalazimika kuipa zipu mgongo. Ajabu ni kwamba picha za DNA ya bakteria zilizopatikana miaka ya 1960 zilionyesha nyuzi zote mbili zikirefuka pamoja kuelekea upande uleule. Huenda uzi wa pili ulikuwa ukitengenezwa kinyumenyume, kipande kifupi baada ya kipande, kisha vikaungwa. Lakini kitu kinachoungwa mara tu kinapozaliwa, utakionaje?

Tsuneko alizaliwa katika mkoa wa Aichi mwaka 1933, akasoma Nagoya na kuolewa na Reiji mwaka 1956. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 walikwenda Marekani, wakapita pia kwenye maabara ya Kornberg huko Stanford, kisha wakarudi Nagoya na swali hilo kichwani.

Jibu lao lilikuwa kuubana muda. Waliwaweka bakteria wa E. koli kwenye nyuzijoto 20 ili kazi ya ndani ya seli ipungue kasi. Wakawapa thaimidini, mojawapo ya matofali ya DNA, iliyotiwa mionzi ili kila uzi mpya ujulikane. Baada ya sekunde chache, kila kitu kikamwagwa kwenye barafu yenye sumu ya sianidi, na shughuli zote ndani ya seli zikasimama papo hapo. Hebu iwazie mikono hiyo: sekunde 5, mwaga, sekunde 10, mwaga. Ukizubaa, vipande vimeshaungwa na ushahidi umepotea.

DNA hiyo ikawekwa juu ya maji ya sukari yenye alkali, ambayo huziachanisha nyuzi, ikazungushwa kwa kasi kubwa. Nyuzi ndefu huzama sana, fupi hubaki juu. Mionzi ikakutwa juu, kwenye nyuzi fupi za nyukleotidi (yale matofali ya DNA) 1,000 hadi 2,000. Bakteria walipopewa muda zaidi, mionzi ilihamia chini, kwenye nyuzi ndefu. Vipande vilikuwepo, na vilikuwa vikiungwa. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 1968. Mwaka huohuo walitumia virusi vya T4, vinavyoshambulia bakteria, vyenye ligasi mbovu (ligasi ndiyo gundi ya DNA), na vipande vikarundikana kwa kukosa wa kuviunga.

Katika seli za binadamu vipande hivi ni vifupi zaidi, nyukleotidi 100 hadi 200 tu. Kila seli yako moja inapogawanyika, makumi ya mamilioni ya vipande huundwa na kuungwa.

Reiji alikuwa mzaliwa wa Hiroshima. Bomu la atomiki lilipoangushwa mwaka 1945 alikuwa na umri wa miaka 14, na mionzi ilimpata. Mwaka 1975 alifariki kwa saratani ya damu, akiwa na miaka 44. Tsuneko alikuwa na miaka 42, na swali moja kubwa lilikuwa bado wazi. Polimerasi haiwezi kuanza uzi kutoka patupu, inahitaji kianzio cha kushikia. Wao walikuwa wameona dalili kwamba kianzio hicho ni kijipande cha RNA, ndugu wa DNA, ambacho baadaye huondolewa. Wapo waliotia shaka. Tsuneko aliendelea na maabara bila mumewe hadi akaonyesha jinsi kianzio hicho kilivyoundwa, na leo vitabu vinakifundisha kama jambo la kawaida.

Mwaka 1983 akawa profesa kamili Nagoya. Katika miaka ya 1990 alihamia kwenye kromosomu (vifurushi vya DNA) za binadamu, akiwa miongoni mwa waliofanikiwa kutengeneza kromosomu bandia ndani ya seli. Mwaka 2000 alipata tuzo ya L'Oréal-UNESCO ya wanawake katika sayansi. Nishani ya Utamaduni ya Japani ilimfikia mwaka 2021, akiwa na umri wa miaka 88, miaka 53 tangu matokeo ya ile barafu yenye sianidi yachapishwe.