Makombe matatu ya Bayern 2013 si ya Guardiola

Katika kila kozi ya ukocha, nikifika kwenye somo la kukaba kuanzia mbele na kuwasha video ya Bayern Munich ya 2013, hakosi mwanakozi wa kunyoosha mkono: "Mkufunzi, hiyo si ndiyo Bayern ya Guardiola?" Siyo. Ni Bayern ya kocha Mjerumani Jupp Heynckes, na leo naandika ili nipumzike kulijibu swali hili.

Tarehe peke yake zinamaliza ubishi. Bayern ilitangaza Januari 2013 kwamba Guardiola, kocha wa zamani wa Barcelona, angekuja msimu unaofuata. Yeye alikuwa New York, mapumzikoni. Timu ilikuwa tayari inaongoza Bundesliga, ligi kuu ya Ujerumani, kwa pointi 9. Ubingwa ulipatikana Aprili 6, mechi 6 zikiwa bado. Mei 25 pale Wembley, fainali ya Ligi ya Mabingwa, Dortmund ikalala 2-1, Robben akifunga la ushindi dakika ya 89. Juni 1 Stuttgart ikafungwa 3-2, Kombe la Ujerumani nalo likaingia kabatini. Guardiola aliripoti kazini baada ya hayo yote.

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba anayesema hivyo hajaitazama ile timu. Mwaka mmoja nyuma ilikuwa ya pili kila mahali: kwenye ligi nyuma ya Dortmund, fainali ya kombe ikachapwa 5-2 na Dortmund haohao, na fainali ya Ligi ya Mabingwa ikaipoteza nyumbani kwake Munich, kwa penalti, mbele ya Chelsea ya Drogba. Heynckes hakuibomoa. Alimchukua Javi Martínez kutoka Athletic Bilbao akamweka pembeni ya Schweinsteiger kwenye kiungo. Dante akaja kutoka Mönchengladbach kucheza beki ya kati. Mandžukić akapewa kazi ya kufunga na ya kuwa beki wa kwanza. Kisha Heynckes akafanya jambo ambalo makocha wengi hulikwepa wakiwa na nyota: akawarudisha Ribéry na Robben kukaba.

Tafuta nusu fainali ya Ligi ya Mabingwa ya Aprili 23 waliyoifunga Barcelona 4-0. Uache mpira, mfuate Ribéry kwa dakika kumi uone anavyorudi kumsaidia beki wa kushoto Alaba. Barcelona ndiyo iliyomiliki mpira zaidi usiku ule, na haikuambulia kitu. Marudiano Camp Nou yakaisha 3-0, jumla 7-0. Sasa niambie, mpira wa namna hiyo ni wa Guardiola, anayetaka timu yake ndiyo imiliki mpira, kwa lipi? Katika mechi 34 za ligi Bayern ilifunga mabao 98 na kuruhusu 18 tu.

Hayo 18 yanawajibu pia wanaodai kwamba mshambuliaji akigeuka kocha hujua kushambulia tu. Na Heynckes mshambuliaji alikuwa kweli. Vijana hudhani alikuwa mchezaji wa kawaida kwa sababu hawajamwona, lakini ana mabao 220 ya Bundesliga, na waliomzidi ni Gerd Müller, Lewandowski na Klaus Fischer pekee. Aprili 1978 timu yake Mönchengladbach iliifunga Dortmund 12-0, matano yakiwa yake, na bado Köln ikatwaa ubingwa kwa tofauti ya mabao.

"Mimi nilikuwa mfungaji, ukocha ninao damuni." Hili nalisikia kwa wastaafu wetu mpaka nimechoka. Heynckes alianza kama msaidizi wa Udo Lattek, akakabidhiwa Mönchengladbach 1979, akakaa misimu minane bila kombe hata moja. Ubingwa wake wa kwanza wa ligi kama kocha ulikuja 1989, akiwa Bayern. Shika koni na daftari kwanza, ndugu yangu.

Wengine husema siku zote alikuwa babu mpole. Waulize wachezaji wake wa zamani Yeboah na Okocha. Desemba 1994, pale Eintracht Frankfurt, wao na Gaudino waligombana naye kuhusu mazoezi. Yeboah akaishia Leeds, na Heynckes mwenyewe hakumaliza msimu. Upole ule wa 2013 aliujia ukubwani.

Wengine husema Real Madrid ilimfukuza kwa kushindwa. Mei 1998 aliipa Kombe la Ulaya iliyolisubiri miaka 32, bao 1-0 la Mijatović dhidi ya Juventus. Akafukuzwa siku chache baadaye kwa sababu kwenye ligi ilimaliza ya nne.

Na wapo wanaodai kwamba 2013 alikuwa amekwisha. Oktoba 2017, akiwa na miaka 72, Bayern ilimwita tena baada ya kumwondoa Ancelotti. Dortmund ilikuwa juu yao kwa pointi 5. Msimu ulipoisha, Bayern ilikuwa bingwa, na Schalke iliyoshika nafasi ya pili ilikuwa nyuma kwa pointi 21.