Kupigwa mionzi mara moja kwa maumivu ya mfupa sio kunyimwa matibabu

Siku hizi malalamiko yanayotufikia kwenye kitengo cha mionzi karibu yote yanafanana. Mgonjwa wetu kapigwa mionzi siku moja tu akaambiwa arudi nyumbani, wakati mwenzake aliyekuwa naye kwenye benchi kapangiwa siku kumi, kwa hiyo mmeona hana maana au mmeshamkatia tamaa. Wengine wanakuja kwa upole wanauliza, wengine wanakuja wameshaamua kwamba tumewadhulumu, na wapo wachache wanaomchukua mgonjwa wakaondoka naye hata hiyo dozi moja hajaipata. Hao wa mwisho ndio wamenifanya nikae niandike hapa.

Nazungumzia saratani ambayo imeshasambaa ikafika kwenye mifupa. Mara nyingi inatokea kwenye titi, tezi dume, mapafu, figo au tezi ya shingo, inakwenda kukaa kwenye uti wa mgongo, nyonga, mbavu, paja, bega. Hiyo sio saratani mpya ya mfupa, ni ile ile ya mwanzo imehama. Na mionzi tunayotoa hapo hatutoi ili kuiponyesha saratani yote, tunatoa ili mtu alale usiku, ageuke kitandani, aweze kukaa kwenye kiti. Daktari anatakiwa alieleze hili kabla mgonjwa hajasaini ile fomu ya ridhaa, na kama hajaeleza muulizeni hapo hapo, msisaini kwanza halafu mje kuuliza wiki ya tatu.

Sasa hiyo dozi moja. Mionzi tunaipima kwa grei. Mgonjwa wa siku moja anapata grei 8 kwa mkupuo, wa siku 5 anapata jumla ya grei 20, yani 4 kila siku, na wa siku 10 anapata grei 30, yani 3 kila siku. Kwa hiyo wa siku moja siku ile anapokea mara mbili au zaidi ya anachopokea mwenzake kwa siku, hajapewa tone la kuonjea. Tafiti zilizolinganisha hizi njia zimefanyika nchi mbalimbali kwa wagonjwa wengi sana na jibu limekuwa lile lile: maumivu yanapungua sawa. Karibu watu 6 kati ya 10 wanapata nafuu, na katika hao wapo ambao maumivu yanaisha kabisa. Tofauti iliyopo, na nawaambia wazi, ni kwamba waliopigwa mara moja wanarudi kupigwa tena sehemu ile ile mara nyingi zaidi, kama 20 kati ya 100, na waliopigwa siku nyingi ni kama 8 kati ya 100. Lakini kurudi kunaruhusiwa, na kwa mtu ambaye kupanda gari tu ni mateso kila shimo la barabara linamwingia mfupani, kumburuta siku kumi kwa matokeo yale yale sio huruma.

Wapo tunaowapa siku nyingi na tuna sababu zetu. Aliyefanyiwa upasuaji wa kuwekewa chuma kwenye mfupa, ambaye uvimbe umetoka nje ya mfupa ukawa mkubwa, ambaye uti wa mgongo unabanwa, au ambaye sehemu hiyo ilishapigwa mionzi zamani tukaona ni salama zaidi kwenda taratibu. Ndio maana nasema msilinganishe mafaili kwenye benchi, huyo mwenzako hujui picha yake ikoje.

Jambo la pili linalotuletea simu nyingi ni hili, kwamba amepigwa juzi na bado anaumwa kwa hiyo mionzi imekataa. Jamani mionzi sio sindano ya ganzi. Inaua chembe za saratani na kutuliza zile zinazoula mfupa, na hiyo kazi inachukua muda. Wengine wanaanza kusikia ahueni ndani ya wiki moja, wengi wiki 2 mpaka 4, na wapo wanaofika wiki ya 6. Tena siku chache za mwanzo maumivu yanaweza kupanda badala ya kushuka, inamtokea karibu mtu 1 kati ya 3, halafu yanatulia yenyewe. Daktari anaweza kumwandikia deksamethasoni, dawa ya kutuliza uvimbe, ya siku chache kupunguza hilo, ila mwambieni mapema kama mgonjwa ana kisukari manake hiyo dawa inapandisha sukari.

Na kwa sababu hiyo hiyo dawa za maumivu haziachwi siku ya mionzi. Nilimpokea baba mmoja, anakaa kwenye kiti kwa upande mmoja, mkono kashika ukingo wa meza vidole vimekakamaa, na binti yake ananiambia kwa kujivunia kabisa kwamba mofini, ile dawa kali ya maumivu, wameshamwachisha tangu juzi kwa sababu sasa anapata mionzi. Yule baba alikuwa na siku mbili hajalala. Tulimrudishia dawa yake, tukasubiri ikolee, ndipo akaweza kulala kwenye meza ya mashine. Binti alilia sana, na hakuwa na nia mbaya, kaambiwa na watu kwamba mofini ndio inayomaliza wagonjwa. Haimalizi ikitolewa kwa kipimo. Inafunga choo, ndio, kwa hiyo itumike pamoja na dawa ya kulainisha choo. Maumivu yakishuka tutaipunguza kidogo kidogo, na anayepunguza ni daktari, sio shangazi.

Utaratibu wenyewe uko hivi, na naomba usomwe mpaka mwisho kwa sababu nusu ya siku zinazopotea zinapotelea hapa. Njooni na majibu ya bayopsi, yani kile kipimo cha kinyama kilichokatwa kwenye uvimbe, picha zote, yani eksirei, siti skani, MRI, skani ya mifupa, picha zenyewe pamoja na ripoti, orodha ya dawa anazotumia, na kama alishawahi kupigwa mionzi popote pale tunataka karatasi inayoonyesha sehemu gani, dozi kiasi gani na lini. Bila hiyo karatasi tunalazimika kusubiri, kwa sababu uti wa mgongo una kiwango chake cha mionzi na ukizidisha unaweza kupooza mtu. Semeni kama ana kifaa cha moyo, kama yuko kwenye dawa za kemo, na kwa mwanamke kama kuna uwezekano wa mimba, msione aibu. Siku ya kupimwa analala kwenye meza ngumu, anapigwa siti skani kwa mkao ule ule atakaotibiwa nao, anawekewa alama kwenye ngozi, nukta ndogo tu. Daktari anachora eneo, mtaalamu wa fizikia anapiga hesabu, mwingine anazihakiki, ndipo mashine inawashwa. Zile alama msizisugue, zikifutika tunarudia kupima upya na anapoteza nafasi yake ya siku hiyo. Dawa ya maumivu ya kufanya kazi haraka ameze kama nusu saa kabla, kwa sababu meza haina godoro na hatakiwi kujitikisa. Mashine yenyewe inafanya kazi dakika chache, haiumi, hasikii kitu, na yuko peke yake chumbani lakini tunamwona kwenye kamera na tunamsikia. Ndugu hawezi kubaki ndani, hilo hatubembelezani.

Na hapana, akitoka pale hana mionzi mwilini ya kuambukiza watoto. Nimelijibu hili mara nyingi mno. Mashine ikizimwa imezimika, sawa na taa. Mpakateni, lala naye, muache ambebe mjukuu. Kuna mabibi waliotengwa chumba na vyombo vyao kwa kitu ambacho hakipo, na inauma kuwasikiliza.

Madhara yanategemea tumepiga wapi. Uchovu ni kwa karibu wote. Tukipiga mgongo wa chini au nyonga anaweza kupata kichefuchefu au kuharisha, tukipiga mgongo wa juu koo linaweza kuuma akimeza. Dawa zipo, semeni tu.

Ambacho hakisubiri tarehe ya kliniki ni hiki. Mgonjwa mwenye saratani akianza maumivu mapya ya mgongo yanayozidi akilala au akikohoa, miguu ikawa mizito, ganzi ikapanda, mkojo ukagoma kutoka au choo kikatoka bila yeye kujua, mleteni hospitali siku hiyo hiyo, hata usiku. Uti wa mgongo unabanwa, na anayefika bado anatembea ana nafasi kubwa ya kuendelea kutembea, aliyeshapooza siku kadhaa ni wachache sana wanaorudi. Msimkande, msimnyooshe. Vivyo hivyo maumivu ya paja anapokanyaga tu, hapo mfupa unaweza kuwa karibu kuvunjika, asikanyage mpaka apigwe picha, kwa sababu huenda akahitaji chuma kabla ya mionzi.

Baada ya dozi chukueni daftari, kila jioni andikeni maumivu ni ngapi kati ya 0 na 10 na mofini ya ziada ameinywa mara ngapi. Zikipita wiki 4 namba haijashuka, au ilishuka ikapanda tena, rudini na hilo daftari, tutaangalia kama tunampiga tena.